Kabla Sijamleta Shangazi Yako

Mejumaa mwanangu,

Umetoka sasa hivi na Hamisi kwenda kuwaaga wazee wa Mtongwe, na nyumba imenyamaza. Leo nimemaliza mahamri mapema, nikaosha karai, nikaja kukaa kwenye kitanda chako kwa sababu ndicho kilicho karibu na dirisha. Sanduku lako liko mlangoni. Sitakuandikia habari ya chandarua, wala ya kufunga mlango, wala ya marafiki wa huko chuoni. Hayo nimekwambia mpaka ukaniomba ninyamaze.

Kuna swali nataka kukuuliza. Lenyewe ni fupi, ningeweza kukuuliza jana tukikunja nguo. Lakini ukilijibu bila kujua yote utanijibu kama mtoto mwema anayetaka kumridhisha mama yake, na jibu la namna hiyo silitaki. Kwa hivyo nivumilie nianzie mbali. Mengine unayakumbuka. Mengine ulikuwa mdogo mno, na mengine nilikuficha kwa sababu yalinitia kichefuchefu hata kuyatamka.

Baba yako Kassim alipofariki, mama yako alikuwa amekwisha tangulia. Baada ya hitima watu wa ukoo walibaki barazani wakiulizana ukae kwa nani. Dada yangu Zainabu alikuwa na nyumba ya mawe Kisauni, mume mwenye kazi bandarini, maji ya mfereji mpaka ndani. Mimi nilikuwa nimeachwa, nina chumba kimoja hapa Likoni, na mwanangu Hamisi ndio kwanza ameanza shule.

"Zainabu ana nafasi," akasema ami yetu. Watu wakaitikia, nami nikaitikia. Wewe ulikuwa mkekani pembeni yetu, macho wazi, na hakuna aliyekugeukia akakuuliza lolote. Kaka yetu aliacha mtoto, sisi tukamgawa kama tunavyogawa vyombo vya marehemu.

Nilikuwa nikipiga simu. "Yu mzima, acheza na wenziwe," Zainabu alikuwa akinijibu, nami nikiridhika, maana kuridhika hakukunigharimu kitu. Nilikuja kukuona Idi ilipofika. Nilimvisha Hamisi kanzu, nikabeba sufuria ya kaimati, tukavuka kwa feri.

Nyumba ilikuwa imejaa udi. Binamu yako Bakari, aliyekuwa darasa la sita, alikuwa na kanzu mpya na saa mkononi. Nuru mdogo wake alikuwa na gauni lililosimama kama mwavuli. Nikakutafuta sebuleni, nikakutafuta chumbani, nikakukuta uani kwenye karo unaosha masufuria. Ulikuwa umevaa gauni la zamani la Nuru, limekubana na limeachia kwapani. Ukaniamkia, "Shikamoo shangazi," ukaficha mikono nyuma. Niliivuta nikaitazama. Sabuni ilikuwa imekutafuna ngozi mpaka katikati ya vidole.

Nikajisemea, labda leo tu, ni Idi, kazi nyingi. Mtu asiyetaka kuona hujitafutia maneno kama hayo.

Pilau ikapakuliwa. Watoto wakawekewa sinia lao mkekani, wote wakakaa kulizunguka, Hamisi naye akaitwa. Wewe hukuitwa.

"Mejumaa yu wapi? Hali na wenziwe?" nikauliza.

"Huyo ashapewa chake," Zainabu akajibu, na hakuinua macho.

Nikatoka uani. Ulikuwa umekaa kwenye kizingiti cha choo na bakuli la plastiki mapajani. Bakuli hilo nililijua, nilikuwa nimeliona asubuhi ile chini ya karo, pamoja na matambara na sabuni ya sakafu. Ndani mlikuwa na ukoko, na juu ya ukoko mfupa. Nilidhani nimeona vibaya, nikainama. Ule mfupa ulikuwa umekwisha tafunwa na mtu mwingine, alama za meno zinaonekana. Nawe ulikuwa unaugeuzageuza ukitafuta pahala palipobaki.

Nikiwa bado nimeinama, Nuru akatokea. Alikuwa mdogo kuliko wewe kwa mwaka mmoja tu. Kiganjani alishika kipande cha nyama, mchuzi unamchuruzika mpaka kwenye lile gauni la Idi. Akakitia bakulini mwako, akasimama akikungoja ule.

Zainabu alikuwa nyuma yake. Alimzaba kofi la shavu, mtoto akapepesuka akashika ukuta.

"Nimekwambia mara ngapi? Vyombo vya huyu haviguswi. Ana upele. Na nyama yako hapewi mwengine."

Hukuwa na upele, mwanangu. Mwili mzima nilikuja kuukagua mwenyewe usiku huo. Na Bakari, mlangoni, akicheka, akamwambia mdogo wake, "Yule si wetu. Mama alikwambia."

Nimeona mambo machafu maishani mwangu. Nimeishi karibu na mtaro wa Likoni, nimewauguza watu, nimewaosha maiti wa kike. Hakuna kilichowahi kunipanda kooni kama kile kicheko. Ubaya wa mtu mzima mtu huuzoea. Lakini yule mtoto alikuwa amefundishwa. Mtu alikaa naye, siku baada ya siku, akamwonyesha nani ni mtu na nani si mtu, na yeye akahitimu. Na yule mwengine, aliyezaliwa akijua kwamba nyama ni ya kugawana, alikuwa akifunzwa kwa makofi kuacha kujua.

Nikakushika mkono. "Dada, huyu naondoka naye."

"Umpeleke wapi? Kwenye chumba chako cha panya?"

"Ndiyo."

"Wewe wajifanya nani? Huyu nimempa pa kulala, nimempa chakula—"

"Chakula nimekiona."

Akatazama bakuli, kisha akanitazama mimi, na uso wake haukubadilika hata kidogo. Nilikuwa nangoja aone haya. Bado nakumbuka jinsi nilivyongoja. "Ukitoka naye leo, mlango huu usiuone tena," akasema.

Shemeji alikuwa kwenye kochi, anachokoa meno, televisheni inaendelea. Nilipita mbele yake nimekushika wewe huku na Hamisi kule. "Mambo yenu ya wanawake yamalizeni wenyewe," akatuambia. Miaka yote nimemchukia Zainabu, lakini yule mwanamume aliyekaa ameshiba chumba cha pili nilimwonea kinyaa zaidi. Alijua. Kila siku alikwenda choo kile kile.

Sasa nije kwangu, maana nisikudanganye kwamba ulitoka kwenye dhuluma ukaingia kwenye haki.

Ulipofika hapa ulikuwa unakula umetupa mgongo. Ulikuwa ukificha vipande vya mkate chini ya mto, nami nikivikuta nikilia. Nikaapa hutakosa kitu tena. Ukawa wewe wa kwanza kupewa hamri, wewe wa kulala kitandani nami, Hamisi nikamshusha mkekani. Hamisi akateka maji, Hamisi akafagia, wewe ukakaa. Mkigombana nilimpiga yeye bila kuuliza. Nilijiona mwema mno. Jirani zangu walinisifu, na sifa zile zilinipumbaza.

Mpaka asubuhi ile niliporudi na kukuta unga wote wa mahamri umemwagika sakafuni. Nilichukua mwiko, nikamkamata Hamisi mlangoni, nikampiga. Ulisimama katikati yetu ukasema, "Ni mimi, mama. Hamisi ndio kwanza aja."

Kweli alikuwa ndio kwanza anatoka madrasa, msahafu bado kifuani. Nami ndiyo mara ya kwanza uliniita mama, na uliniita ili unihukumu.

Hamisi hakulia. Aliniuliza kwa sauti ya chini, kama anayetaka kujua tu, "Mama, wataka na mimi nikale nje?"

Niliutazama mwiko nikautupa. Nilijisikia nanuka. Sina namna nyingine ya kuisema hali ile. Nilikuwa nimemtoa mtoto mmoja kwenye uchafu, kisha nikauleta uchafu wenyewe nyumbani na kumpakulia mwanangu mwengine.

Tulikaa chini sote watatu kwenye ule unga. Nikawauliza kila mmoja anataka nini, jambo ambalo sikuwa nimewahi kulifanya. Hamisi akasema anataka kulala kitandani siku moja moja. Hilo nililitarajia. Wewe ulichora chora ungani kwa kidole, halafu ukasema, "Nataka na mimi niteke maji."

Sikukuelewa siku ile. Nilidhani nimekupumzisha, kumbe nimekuweka mgeni. Mgeni hatumwi, na ulijua mgeni siku yake ya kuondoka itafika. Tangu hapo ukawa na ndoo yako ndogo, na wallahi usingizi wako ulitulia kwa ile ndoo kuliko kwa kitanda. Nilikuwa nikidhani haki ni kukata sawasawa, kisha nikadhani ni kumzidishia aliyekosa. Nyinyi wawili mlinionyesha kwamba bado sijamtazama yeyote kati yenu.

Zainabu alieneza kwamba nimekuiba nipate kuombea misaada ya yatima. Wako waliomwamini, na miongoni mwao wamo wazee uliokwenda kuwaaga leo. Tulikuwa tukikutana misibani, nampa mkono, basi. Haya yote unayajua. Usiyoyajua ni ya wiki iliyopita.

Nuru alinijia kwenye meza yangu ya kuuzia mahamri, alfajiri, amejifunika mtandio mpaka puani. Sikumtambua. Siku hizi auza kwenye duka la nguo Changamwe, amepanga chumba na mwenzake.

"Shikamoo mama mdogo."

"Marahaba. Nani wewe?"

Aliponitajia jina nilimshika shavu kabla sijajua ninafanya nini. Lile lile shavu.

Akanieleza kwamba mamake ana sukari, ana donda mguuni lisilopona, na tangu shemeji alipofariki nyumba iko mikononi mwa Bakari. "Hebu nenda ukamwone, mama mdogo. Mimi nikisema nafukuzwa. Nilitaka kumchukua, lakini chumba si changu peke yangu."

Siku niliyokwambia nakwenda Kongowea kununua mbaazi, nilikwenda Kisauni.

Mke wa Bakari alinipokea vizuri, akaniletea soda. Nikauliza dada yangu yuko wapi, akaonyesha uani. Wamempa chumba cha kufulia, hakina dirisha. Harufu ya lile donda ilinikuta kabla ya mlango. Wajukuu zake walikuwa wakicheza uani, na kila wakipita pale wanabana pua na kucheka, huo ndio mchezo wenyewe. Hakuna aliyewakataza. Aliyekuwa akiwatazama ni baba yao, simu mkononi.

"Bakari mwanangu, mbona mama yuko huku?"

"Twampa kila kitu, mama mdogo. Dawa apewa. Lakini donda lanuka, watoto waogopa, na wageni waja. Ukae naye mezani utakula?" Alinijibu kwa adabu, bila haya hata chembe, kama mtu anayenieleza kwa nini ameegesha gari kivulini. Alijifunza vizuri mno. Sikutazama mamake anapewa chakula gani. Sikutaka kujua.

Zainabu alinitambua kwa sauti. "Umekuja kunicheka," akasema.

"La."

"Nicheke tu. Wote wanicheka." Kisha akaniuliza, "Mejumaa asoma?"

"Aenda Voi kusomea ualimu."

Akatikisa kichwa polepole. Nikadhani sasa atasema. Nilingoja tena, mwanangu, kama nilivyongoja siku ya Idi. Akasema, "Yule nilimlea mimi."

"Ulimlea wapi, dada?"

Akageukia ukutani. Hakuomba radhi, na usiku wala mchana usingoje kuombwa, sidhani kama yumo mtu ndani yake wa kuiomba. Nikatoka. Nilifika mpaka kwenye geti nimeshika komeo, nia yangu ni kuondoka nisirudi. Nilikuwa na haki zote za kuondoka, nikaondoka, lakini ile nia ya kutorudi sikuiweza.

Nimewapigia simu watu wa ukoo. Unajua waliniambia nini? "Mungu amemlipa." Mmoja alicheka kabisa. Wale wale walioitikia barazani. Walipokuwa na la kufanya kwa ajili yako hawakufanya, na sasa wanakaa wakifurahia mwanamke anayeoza, wakiita furaha hiyo haki. Nilikata simu nikaenda kunawa mikono.

Nisikufiche, simwonei huruma. Namwonea kinyaa. Nikifumba macho naiona alama ya meno kwenye ule mfupa. Lakini nikimwacha pale, kuna watoto wawili wanaobana pua na kucheka, na kesho hao ndio watakaokuwa na nyumba na watu wa kuwaweka uani. Sijui kama nitawaokoa. Angalau wajue kwamba alitokea mtu akakataa.

Nawe unakwenda kupewa darasa. Atakuwemo mtoto anayenuka, atakuwemo asiye na kalamu, atakuwemo mkorofi utakayemchukia tangu siku ya kwanza. Wengine hawatakusikiliza unasema nini juu yake. Watakutazama unavyokunja uso akipita, kisha watajua wamfanye nini. Bakari alijifunza hivyo. Siku nitakayosikia kwamba uso wako uliwafundisha watoto hivyo, nitapanda gari nije huko huko, na sitakuja na kaimati.

Sasa swali.

Nyumba hii si chumba kimoja tena, sasa ina kitanda changu, kitanda cha Hamisi chumbani mwake, na chako. Nataka kumleta Zainabu hapa. Nilimuuliza Hamisi juzi. Akafikiri, akasema, "Mimi naweza kumbeba nikampeleka hospitali. Lakini kitanda si changu. Muulize mwenyewe." Nilitaka kungoja uondoke, nimlete kimya kimya, uje kumkuta likizo na uzoee. Ingekuwa rahisi. Ndivyo ulivyopelekwa Kisauni, wakubwa wakiona ni rahisi.

Kwa hivyo nakuuliza. Ukisema ndiyo, nitamweka hapa nilipokaa, nitamuuguza, na sitakulazimisha umwamkie zaidi ya adabu ya kawaida. Sitakuomba umsamehe. Hilo ni lako, hata mimi sijaliweza. Ukisema hapana, sitakuuliza sababu, maana sababu niliziona kwa macho yangu. Mimi na Nuru tutamtafutia pengine, tumekwisha zungumza, hatakaa pale uani kwa hali yoyote. Kwa hivyo usiseme ndiyo kwa kumhofia yeye.

Kesho asubuhi jirani atatupeleka stesheni ya Miritini kwa gari lake, tutapita daraja la Dongo Kundu. Hamisi atakaa mbele, nami nitakaa nawe nyuma. Niambie hapo, neno moja linatosha. Kama hujawa na neno, panda treni, ulifikirie huko, uniambie utakapokuwa tayari. Mpaka hapo kitanda kitakaa kitupu na shuka zako juu yake. Kwani ukija likizo ukamkuta humu mtu usiyemtaka, utakuwa umetolewa nyumbani mara ya pili, na safari hiyo aliyekutoa nitakuwa ni mimi.

Nawasikia mnakuja, Hamisi anacheka huko njiani. Barua naitia sandukuni mwako juu ya nguo, uisome kabla hujalala.

Nangoja jibu lako.

Mama